Vichekesho vya runinga vimezipangia lafudhi zetu kazi na hadhi

Mhariri,

Naomba nafasi katika safu yako ya barua nitoe dukuduku ambalo nimekaa nalo kwa muda, nikiwa mwalimu wa Kiswahili katika shule ya umma hapa Nairobi, upande wa Eastlands, na nikiwa pia mpenzi wa tamthilia na vichekesho vya runinga tangu utotoni. Dukuduku langu ni kwamba burudani yetu, hasa ile ya kuchekesha, imezigawa lafudhi za Wakenya, ikaipa kila moja kazi yake na daraja lake, na watoto wetu wameupokea mgawo huo kana kwamba ndio hali halisi ya nchi.

Mtazamaji yeyote wa Nairobi anaweza kuutaja mgawo wenyewe bila kufikiri. Bawabu hutoka magharibi ya Kenya, na Kiswahili chake hupindishwa pale hasa panapotakiwa watu wacheke. Yaya hutoka huko huko au Ukambani. Ama hajui kuwasha jiko la gesi, ama anajua mengi mno na anamtolea macho mwenye nyumba. Mwenye duka ni Mkikuyu anayebadilishana sauti za r na l huku akihesabu noti. Mganga ni mtu wa Pwani, naye hupewa Kiswahili kile kile fasaha ninachokifundisha darasani, ila kimewekwa kinywani mwa mtu wa hirizi na ubani. Daktari, wakili, mkurugenzi wa kampuni na binti mrembo anayegombaniwa na wote huzungumza Kiingereza, na wakigeukia Kiswahili, basi ni kwa ajili ya kumwagiza au kumkaripia mmoja wa hao niliowataja.

Tukijadili athari za burudani kwa jamii, mara nyingi tunazungumzia mavazi ya wanamuziki, matusi katika nyimbo na mitindo ya densi. Hayo yanaonekana, na kwa kuwa yanaonekana, wazazi na wahubiri huyakemea, na mtoto hujua mapema kwamba kuna ubishi juu yake. Kichekesho hakiletewi ubishi. Saa moja na nusu jioni familia nzima imekaa sebuleni. Baba anacheka, mama anacheka, yaya aliyesimama mlangoni na sahani mkononi anacheka pia, kwa sababu asipocheka ataonekana ana kisirani, na mtoto wa miaka sita aliyekaa kwenye zulia anamwona yaya wake akimcheka yaya wa kwenye runinga. Hakuna aliyemfundisha neno lolote, lakini tayari anajua nani katika nyumba ile ni wa kuchekwa. Nusu saa kabla ya hapo, katika kituo hicho hicho, mtangazaji wa habari alikuwa amesoma taarifa za bajeti, kesi za Mahakama ya Juu na maradhi ya mifugo kwa Kiswahili safi, bila kumchekesha mtu. Kwa hiyo si kweli kwamba lugha hii haiwezi kubeba mambo mazito. Tunachokikosa ni watunzi wa tamthilia walio tayari kuibebesha.

Muhula uliopita niliwapa wanafunzi wangu wa Gredi ya 8 kazi ya kuandaa igizo fupi kuhusu mgonjwa anayefikishwa hospitalini usiku wa manane. Sikuwapangia wahusika wala sikutaja kabila la mtu. Makundi yalijiendea kivyao, baadhi nyuma ya darasa, mengine nje kwenye baraza. Walipokuja kuigiza, kila kundi lilikuwa na mlinzi langoni, ambaye hata sikumwomba, na kila mlinzi alikuwa na lafudhi ile ile: anasinzia, anashtuka, anaangusha rungu, anamuuliza mgonjwa anayevuja damu kama ana miadi. Madaktari wote walizungumza Kiingereza, akiwemo daktari aliyeigizwa na msichana ambaye insha zake za Kiswahili ndizo bora kuliko za wote katika darasa hilo. Nilipomuuliza sababu, alinijibu kwa heshima kabisa, "Mwalimu, daktari hawezi kuongea hivyo, watu hawataamini." Darasani humo mna watoto ambao baba zao ni walinzi katika majumba ya huku kwetu na ya Upper Hill. Nao walicheka na wenzao. Mmoja wao ndiye aliyekuwa mlinzi wa kundi lake, na aliiiga lafudhi ya babake vizuri kuliko wote, hata akapigiwa makofi.

Sikuwagombeza, maana watoto wale hawakubuni kitu. Walitoa walichotiwa. Jibu la yule msichana ndilo lililonikaa moyoni, kwa sababu linaonyesha kazi ambayo burudani huifanya kimyakimya kuliko kitabu cha kiada na kuliko mahubiri. Haimwambii mtoto kwamba Mluhya ni mjinga au kwamba mtu wa Pwani ni mchawi. Likisemwa waziwazi hivyo, mtoto mwenyewe angelikataa. Humzoesha tu sura fulani na sauti fulani pamoja, jioni baada ya jioni, mpaka sura ile ikija na sauti nyingine aone kuna kasoro. Mtoto huyu akikua na kuwa daktari kweli, kisha apokee mgonjwa ambaye hajui ila Kiswahili na lugha ya mamake, atamweleza ugonjwa wake kwa lugha gani? Na mgonjwa mwenyewe atakuwa na imani na daktari anayeongea kama jirani yake?

Nisieleweke kwamba nazichukia lafudhi katika uigizaji. Nimelelewa na sauti za KBC, shirika la utangazaji la taifa, na Mzee Ojwang' wa kichekesho cha Vitimbi nilimpenda kama nilivyompenda babu yangu. Alipofariki Julai 2015, vijana wengi waligundua kwa mshangao kwamba mzee yule aliyeongea Kiswahili chenye ladha ya Kijaluo kwa miaka yote hiyo alikuwa Mkikuyu, jina lake Benson Wanjau. Angekuwa anawadhihaki Wajaluo, wangemkana mapema. Badala yake walimkumbatia. Naamini sababu ni kwamba Ojwang' alikuwa mtu kamili. Alikuwa na nyumba yake na mke, Mama Kayai, aliyejua kumjibu; alikuwa na tamaa na huruma, alidanganya na kudanganywa, alishindwa leo na kesho akashinda. Lafudhi ilikuwa mojawapo tu ya mambo yake mengi. Hata katika Vioja Mahakamani, kichekesho cha kesi za kuigiza, ambako kila kona ya Kenya ilipanda kizimbani na matamshi yake, mshtakiwa alipewa nafasi ya kujitetea kwa Kiswahili, na mahakama nayo ikazungumza naye kwa Kiswahili. Wazazi wetu wengi hawakuwahi kukanyaga mahakama halisi, lakini kupitia kipindi kile walijua maana ya kusomewa mashtaka, kukana na kuita mashahidi. Hiyo nayo ni athari ya burudani, na ni athari njema ambayo sioni ikisifiwa vya kutosha.

Baadaye tulipata kipindi cha Papa Shirandula, na hapa nataka nipime maneno kwa sababu marehemu Charles Bukeko, aliyetutoka Julai 2020, alikuwa msanii wa kipaji cha ajabu na alimfanya mlinzi kuwa mhusika mkuu kwa mara ya kwanza niliyoishuhudia. Hilo lilikuwa jambo kubwa. Hata hivyo, mzizi wa kipindi chenyewe ulikuwa mwanamume anayemficha mkewe kwamba kazi yake ni ulinzi. Kila Mkenya alielewa siri hiyo papo hapo, bila kuelezwa kwa nini mtu aifiche kazi halali inayolisha watoto wake. Tulielewa kwa sababu aibu ile tulikuwa nayo tayari. Bukeko alimpa mlinzi utu, na wengi waliomfuata walichukua lafudhi na sare wakauacha utu huo nyuma.

Waandishi wa miswada ninaowafahamu hunieleza kwamba si ubaya wa moyo, ni uhaba wa muda na pesa. Kipindi cha nusu saa, ukiondoa matangazo ya biashara, hubaki na dakika ishirini na kitu. Kumjenga mhusika hadi mtazamaji amjue kunahitaji kurasa, ilhali mwigizaji akifungua mdomo na kutoa lafudhi inayotambulika, mtazamaji huyajaza yaliyosalia mwenyewe: kwao ni wapi, kisomo chake ni kiasi gani, anapenda chakula kipi, ataiba au hataiba. Nawasikia, na najua malipo yao huchelewa. Lakini ule ukurasa ambao lafudhi imemwokolea mwandishi, kuna mtu mwingine anayeulipia: msichana anayetafuta kazi mjini na kukuta mwajiri amekwisha mjua kabla hajajitambulisha.

Katika simu hali imekuwa mbaya zaidi, kwani huko mchekeshaji hana hata dakika ishirini. Video inapaswa kumnasa mtu katika sekunde chache za mwanzo, la sivyo kidole kinaipita, na mapato hufuata idadi ya watazamaji. Kwa hiyo kijana anajifunga leso kiunoni na kitambaa kichwani, anakuwa mama wa kijijini anayepayuka na kurusha kandambili, na lafudhi ndiyo inayoanza kusikika kabla ya neno. Wengi wa vijana hawa wana vipaji vya kweli, na baadhi yao nimewafundisha mimi. Mama yule wanayemuiga ndiye aliyeuza ng'ombe ili wao wasome, na wao wenyewe husema hivyo wakihojiwa redioni, tena kwa machozi. Kwenye video hatumwoni akiuza ng'ombe, wala akipanga bajeti, wala akiongoza kikao cha chama cha akina mama, mambo ambayo yana vichekesho vyake vitamu kwa mtu mwenye jicho.

Kila mwaka shule yetu hupokea wanafunzi waliohamia kutoka mashambani. Wiki za mwanzo huwa hawanyanyui mkono darasani hata wakijua jibu. Wakithubutu kusema, wenzao huwapachika jina la mhusika fulani wa kichekesho, na jina hilo hudumu hadi wamalize shule. Nimemwona mvulana hodari wa hesabu akiacha kabisa kuzungumza Kiswahili na kubakia na Kiingereza cha kubabaisha, kwa sababu kwa Kiingereza hakuna aliyejua ametoka wapi.

Mzaha mzaha hutumbuka usaha, walisema wahenga, na nchi hii inalijua hilo. Sidai kwamba kichekesho chochote kilimuua mtu katika ghasia zilizofuata uchaguzi wa Desemba 2007, ambazo Tume ya Waki iliyozichunguza ilisema zilipoteza maisha ya watu 1,133. Lakini waliokuwa hapa Nairobi wakati ule, huko Kibera, Mathare na kwingineko, wanakumbuka kwamba watu walipimwa kwa matamshi yao kabla ya kuruhusiwa kupita. Sheria ya Utangamano na Uwiano wa Kitaifa iliyopitishwa mwaka 2008 iliharamisha maneno ya chuki, na ikafanya vyema. Sheria hiyo inamshughulikia mchochezi jukwaani. Mazoea ya kumsikiliza mtu lafudhi kabla ya kumsikiliza hoja ni mambo ya malezi, na katika malezi ya mjini siku hizi runinga na simu zina sehemu kubwa kuliko nyanya na mjomba.

Walinzi nitawataja peke yao, kwa kuwa ndio wanaochekwa zaidi. Tarehe 7 Agosti 1998, gari lililobeba mabomu lilipofika nyuma ya ubalozi wa Marekani, pale zinapokutana barabara za Moi na Haile Selassie, mlinzi Mkenya aliyekuwa kwenye kizuizi cha magari alikataa kulifungulia, na akajaribu kuita msaada kwa redio yake ya mawasiliano huku washambuliaji wakimtisha kwa silaha. Watu 213 walifariki hapa Nairobi siku ile. Tarehe 2 Aprili 2015, magaidi walipovamia Chuo Kikuu cha Garissa na kuwaua watu 148, walinzi wa langoni, ambao hawakuwa na silaha, walikuwa miongoni mwa wa kwanza kupigwa risasi. Hawa ni watu ambao riwaya na filamu za nchi nyingine zingewafanya mashujaa kwa vizazi. Sisi wanafunzi wetu wakimfikiria mlinzi, wanamwona anasinzia. Anayelinda nyumba ninayoishi ana cheti cha kidato cha nne, anazungumza lugha nne, anaandika daftari la wageni kwa mwandiko ambao ningependa wanafunzi wangu wauone, na anajua namba za magari ya wapangaji wote bila kutazama popote. Mhusika wa aina hiyo ni dhahabu kwa mtunzi. Usiku mzima yuko macho, anaona nani anarudi saa ngapi na akiwa na nani, na anaamua la kusema na la kunyamazia.

Kuna jambo linalonipa moyo, nalo limetoka mahali ambapo sikulitarajia. Tamthilia za Kituruki, Kihindi na Kichina zilizotiwa sauti za Kiswahili zimeingia katika nyumba zetu, na ndani yake masultani, majaji, madaktari wa upasuaji na matajiri wa kupindukia wote huongea Kiswahili fasaha kutoka mwanzo hadi mwisho. Sijasikia mtazamaji akilalamika kwamba haamini. Jirani zangu hulia nazo. Filamu za Tanzania nazo kwa miaka mingi zimetuonyesha meneja wa benki akimfuta mtu kazi kwa Kiswahili, na tumetetemeka pamoja na anayefutwa. Hata DJ Afro, ambaye sauti yake juu ya filamu za mapigano imejaa mabasini na vibandani, amewafanya makomando wa Marekani na mabwana wa kung'fu waongee Kiswahili cha mtaani kwetu, na vijana wanawaheshimu vilevile. Ikiwa Mturuki na Mmarekani wanaweza kuwa mabwana kwa Kiswahili, sioni kwa nini Mkenya ashindwe katika nchi ambayo Kifungu cha 7 cha Katiba yake kinakitaja Kiswahili kuwa lugha ya taifa na pia lugha rasmi.

Najua wako watakaosoma haya na kudhani naomba serikali ishike makasi. Siombi hivyo kamwe. Mchezo wa wakulima na wafanyakazi wa viwandani wa Kamiriithu, Limuru, watu waliosimama jukwaani na kuieleza hali yao kwa lugha yao, ulipigwa marufuku mwaka 1977. Ngũgĩ wa Thiong'o, mmoja wa watunzi wake, akatiwa kizuizini mwishoni mwa mwaka huo, na mwaka 1982 ukumbi wao ukabomolewa. Aprili 2025 tuliona vitoa machozi vikirushwa Nakuru ilipokuwa zamu ya wasichana wa shule ya Butere katika tamasha la kitaifa la drama, ijapokuwa mahakama ilikuwa imeamuru waruhusiwe kuigiza. Serikali ikipewa nafasi ya kuamua kichekesho kipi kinafaa, itaanza na kile kinachoigusa yenyewe, na mlinzi wangu ataendelea kusinzia kwenye runinga kama kawaida. Kifungu cha 33 cha Katiba kinalinda uhuru wa ubunifu wa kisanaa, nami naulinda pamoja nacho. Kanuni za Mamlaka ya Mawasiliano kuhusu vipindi vya kabla ya saa nne usiku zina mahali pake, ila wengi wetu tukizitaja tunafikiria matusi, ngono na damu tu, ilhali tatizo ninalolieleza linaweza kupita katika kipindi kisicho na tusi hata moja.

Ninaowaomba ni wenye kalamu, wenye kamera na wenye kuchagua waigizaji. Nawaomba watunzi wajaribu kubadilisha mgawo katika msimu mmoja tu: wampe wakili lafudhi ya Kakamega na hoja nzito, wampe mtu wa Mombasa uhandisi, wamwache yaya awe ndiye anayejua siri za hesabu za nyumba na kuzitumia kwa busara. Watu watacheka, pengine zaidi, kwa kuwa hawatajua kicheko kitatokea wapi. Shirika la KBC, ambalo ni mali ya umma, lingefaa kutangulia, kwa sababu halilazimiki kukimbizana na vituo vya kibiashara kwa kila kitu. Wakufunzi wa drama mashuleni, ambao ni wenzangu, nawasihi waache kumpa mtoto lafudhi isiyo yake ili kuwapendeza waamuzi, na waamuzi nao waache kutoa alama kwa kicheko cha aina hiyo, kwani wanafunzi hukariri kinachotuzwa.

Nawe Mhariri, nina ombi kwako. Kurasa zako za burudani hutuarifu nani ameachana na nani, nani amenunua gari gani na nani amekosana na meneja wake. Vipindi vyenyewe, ambavyo mamilioni ya Wakenya huvitazama, havichambuliwi hata mara moja kwa wiki jinsi vitabu vya fasihi vinavyochambuliwa katika kurasa zako za elimu. Tafuta mhakiki, mpe safu, na aandike kwa Kiswahili kuhusu msuko, uhusika na lugha ya vipindi hivyo, awataje waliofanya vizuri kwa majina. Na tamasha la drama la mwezi Aprili litakapofika, tafadhali mtume mwandishi aketi ukumbini kuanzia asubuhi, asikilize ni mhusika gani amepewa lafudhi gani na kazi gani, kisha atuletee hayo pamoja na orodha ya washindi.

Wako mwaminifu,

Mwalimu wa Kiswahili,
Umoja, Nairobi